Oda ya korti unayo mkononi na bado unazungushwa: namna ya kupeleka maombi ya kudharau mahakama

Nimekaa kwenye meza ya ukarani kwa mawakili miaka mingi na watu wanaoniumiza roho kuliko wote ni wale walioshinda kesi. Aliyeshindwa anajua moja, anaenda nyumbani. Aliyeshinda anabaki anatembea na karatasi. Mama mmoja alikuja ofisini kwetu na oda yake ameikunja mara nne, ameitia kwenye mfuko wa nailoni akaufunga na mpira, na ile karatasi ilikuwa imeanza kukatika kwenye mikunjo kwa kufunguliwa na kufungwa. Oda ilisema aliyemuuzia kiwanja asaini hati za kuhamisha umiliki. Miezi tisa imepita. Amemwendea yule jamaa mara ambazo hata yeye hazikumbuki, leo anaambiwa njoo wiki ijayo, kesho niko safarini, keshokutwa wakili wangu ndo ana hizo karatasi. Nikaisoma ile oda nikaona tatizo hapo hapo: ilisema asaini, haikusema asaini lini.

Ndo maana naandika hii. Watu wengi wanadhani ukienda kwa jaji ukamwambia "huyu mtu amekaidi oda yako" basi jaji atakasirika na mtu atafungwa jioni hiyo hiyo. Haiendi hivyo kabisa. Maombi ya kudharau mahakama kwa sababu ya kuchelewa yanashinda au kuanguka kwa tarehe na uthibitisho, hata kama uonevu uliofanyiwa ni mkubwa kiasi gani, maana hapa unaomba mtu anyimwe uhuru wake na hakuna jaji atafanya hivyo kwa maneno matupu. Kwa hiyo nitaipitia kazi yenyewe vile tulivyoifanya kwenye faili la yule mama, na njiani nitataja sheria za nchi mbalimbali pale zinapotofautiana, maana msingi ni mmoja lakini vipimo na muda vinabadilika ukivuka mpaka.

Kwanza tuelewane neno. Kuna kudharau mahakama kwa kutukana jaji au kuvuruga kesi, hiyo tuiache. Hapa tunaongelea kutotii oda. Sheria ya India ya 1971 inaieleza vizuri: ni kukaidi kwa makusudi hukumu, amri au hati nyingine ya korti, au kuvunja kwa makusudi ahadi uliyoipa korti. Hiyo ya ahadi watu huipita haraka, wakati mtu akisimama mbele ya jaji yeye au wakili wake akasema "tutakabidhi funguo kufikia Ijumaa" na korti ikaiandika, hiyo ina nguvu kama oda. Oda ya makubaliano pia ni vivyo hivyo. Na neno la kushika hapo ni "kwa makusudi", tutalirudia.

Sasa soma oda yako. Isome kama vile wewe ndo unayeshtakiwa, utafute mlango wa kutokea. Inamtaja nani kwa jina? Inamtaka afanye nini hasa, au aache kufanya nini? Ifikapo lini? Kama ukisoma unaona maana mbili zinawezekana, jua upande wa pili utachukua ile inayowafaa na korti itawapa, maana oda yenye utata haiwezi kumfunga mtu jela. Na kama haina muda, usikimbilie maombi ya kudharau mahakama. Rudi kwa korti ile ile kwa ombi fupi, omba iweke muda wa kutekeleza. Mama yule alitokwa na machozi nilivyomwambia hivyo, miezi tisa alafu turudi nyuma tena, lakini jaji aliweka siku 14 tangu kufikishiwa oda na lilichukua kikao kimoja tu. Miezi tisa ya kubembeleza haikufanya kilichofanywa na mstari mmoja wenye tarehe.

Kuna mtego mwingine wa maneno ya oda ambao nimeona ukiwavunja watu moyo hasa wanaodai haki yao kwa ofisi za serikali. Oda inasema ofisi "izingatie ombi la mlalamikaji na kutoa uamuzi ndani ya wiki 8". Wiki 8 zinapita, unapeleka maombi, wao wanatoa uamuzi haraka haraka: ombi limekataliwa. Unasema hiyo ni dharau! Kisheria siyo, maana waliambiwa waamue na wameamua. Mahakama ya juu kabisa ya India ilishaeleza hivyo mwaka 1996, kwamba uamuzi uliotolewa kufuata oda, uwe sahihi uwe mbaya, ni jambo jipya la kupinga kwa kesi yake mwenyewe, na jaji anayesikiliza dharau hawezi kuongeza kitu ambacho oda ya kwanza haikusema. Unachoweza kuwashika nacho ni ule ucheleweshaji tu, basi. Kwa hiyo mapema kabisa, wakati wakili wako anaandika unachoomba kortini, mwambie asiombe "wazingatie" kama unachotaka ni "walipe" au "watoe".

Na kuhusu kulipa. Oda ya kumlipa mtu deni kwa kawaida haiendi njia hii, inaenda njia ya utekelezaji: kukamata mali, kuzuia akaunti ya benki, kukata mshahara. Mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na kisiasa wa 1966, kifungu cha 11, unakataza mtu kufungwa eti tu kwa sababu ameshindwa kutimiza mkataba, na nchi nyingi zina mpaka huo kwenye sheria zao. Ila ukiwa unaidai serikali mambo yanageuka, maana mara nyingi mali ya serikali haikamatwi. Kenya kwa mfano, kifungu cha 21 cha sheria ya kesi dhidi ya serikali kinazuia ukamataji, kwa hiyo unachukua cheti cha oda pale kortini, unawapelekea mwanasheria mkuu na ofisa mhasibu wa wizara, wakinyamaza unarudi kuomba amri ya kumlazimisha yule ofisa alipe, na akiikaidi hiyo sasa ndo unaingia kwenye dharau, tena dhidi yake yeye kama mtu. Ni safari ndefu. Ukiruka hatua moja unarudishwa mwanzo.

Jambo la mwisho kabla hujatoka kwenye oda: angalia kama imesimamishwa. Wapinzani wanapenda kusema "tumekata rufaa". Kwenye nchi nyingi kukata rufaa peke yake hakusimamishi chochote, mpaka korti itoe oda ya kusimamisha utekelezaji. Nenda masjala, omba kuona faili, hakikisha hakuna. Na hata mtu akiamini oda ni makosa matupu, wajibu wake ni kuitii mpaka iondolewe. Kuna kesi ya zamani ya Uingereza, Hadkinson ya 1952, mama aliambiwa asimtoe mtoto nje ya nchi bila ruhusa akampeleka Australia, alafu akaja kukata rufaa, na mahakama ya rufaa ikakataa kumsikiliza mpaka kwanza mtoto arudishwe. Hadi leo mawakili bado wanaitaja hiyo.

Haya, hatua ya kumfikishia. Hapa ndo maombi mengi yanakufa na inaniuma kwa sababu ni kazi rahisi. Toa oda rasmi masjala, yenye muhuri na sahihi ya msajili, sio picha ya simu ya uamuzi. Ukurasa wa mbele pawe na onyo la adhabu, yaani maandishi ya kuonekana wazi yakimwambia kwamba asipotii anaweza kupatikana na hatia ya kudharau mahakama akafungwa, kupigwa faini au mali yake kushikiliwa. Kwenye kanuni za Uingereza onyo hilo ni sharti, na korti nyingi zilizorithi taratibu zao hulitafuta. Alafu mtu mwenye kazi hiyo ya kupeleka hati za korti ampe mkononi, na akirudi aape hati ya kiapo: nilimkuta wapi, saa ngapi, nilimjuaje, alisaini au alikataa kusaini. Akikataa kupokea, anaiweka mbele yake anamwambia ni nini, na hayo pia yaandikwe. Ni kampuni? Mfikishie mkurugenzi kwa jina lake, maana kampuni haina mwili wa kufungwa. Ni ofisi? Mfikishie mwenye cheo, na uwe na ushahidi kwamba siku hizo yeye ndo alikuwa kwenye cheo hicho, nimeona kesi ikianguka kwa sababu ofisa alihamishwa katikati na mpya hakupelekewa chochote.

Akijificha? Usikae miezi ukimwinda. Omba korti ikuruhusu njia nyingine, kubandika mlangoni, barua pepe, hata WhatsApp korti nyingi sasa zinaruhusu ukionyesha kwamba namba ni yake na anaitumia. Na kuna faraja kidogo hapa: sehemu nyingine korti zimelegeza, Kenya mahakama ya rufaa ilisema kwenye kesi ya Shimmers Plaza ya 2015 kwamba kuijua oda kunatosha, kwa hiyo kama yeye au wakili wake alikuwa kortini oda ikisomwa hawezi kuja kusema hakufikishiwa. Bado mimi nasema mfikishie. Ukimpa mkononi na kiapo kipo, hoja nzima inafungwa na hutumii nusu saa ya jaji kubishana kama alijua au hakujua.

Sasa anza kuhesabu. Sheria nyingi za muda haziihesabu siku yenyewe ya kufikishiwa, unaanza kesho yake, na siku ya mwisho ikiangukia sikukuu mara nyingi inasogea. Ukienda kortini siku moja kabla ya muda kuisha maombi yako ni bure, kwa hiyo hesabu mara mbili.

Kuanzia hapa nunua daftari. Nasema kweli, daftari la kawaida, na usimwachie wakili kazi hii maana anayezungushwa ni wewe. Kila kitu kinachotokea unakiandika siku ile ile. La yule mama tulilianzisha pale pale ofisini na kurasa zake zilikuwa hivi: "Jumanne tarehe 4, amepewa oda mkononi saa 3 asubuhi nje ya duka lake, amekataa kusaini. Alhamisi tarehe 13, nimempigia simu mara 2, hajapokea, nimemwandikia meseji, ameisoma. Jumanne tarehe 18, siku ya 14, hajasaini. Jumatano tarehe 19, wakili ametuma barua." Mistari mifupi, hakuna matusi, hakuna "huyu mwizi". Kanuni mpya za Uingereza zilizoanza Oktoba 1, 2020 zinataka madai yaandikwe kwa namba na kwa mfuatano wa tarehe, na hata nchi ambayo hailazimishi hivyo jaji atakushukuru, maana akiona tarehe zimejipanga zenyewe hahitaji kushawishiwa.

Ile barua ya wakili iliyotajwa kwenye daftari ni muhimu kuliko watu wanavyodhani. Iandike hivi, fupi:

"Oda ya korti ilikutaka usaini hati za kuhamisha umiliki ndani ya siku 14 tangu kufikishiwa. Ulifikishiwa mkononi tarehe 4 na siku 14 zimeisha tarehe 18. Hati ziko tayari ofisini kwetu kila siku ya kazi kuanzia saa 2 asubuhi, na ukipenda tutakuletea ulipo. Kama kuna kinachokuzuia tuambie kwa maandishi. Usiposaini ndani ya siku 7 tutarudi kortini kuomba uadhibiwe kwa kudharau mahakama, na barua hii tutaiambatanisha."

Ona inachofanya. Inamwondolea kila kisingizio, hati zipo, tutakuletea, sema kinachokuzuia. Akinyamaza, kunyamaza kwake kunaanza kuitwa makusudi. Akijibu kwa uongo, uongo wake umeandikwa. Na akisaini, Alhamdulillahi, kazi imeisha bila kesi nyingine.

Turudi sasa kwenye lile neno makusudi, maana hapo ndo ubishi wote uko. Korti ya juu ya rufaa ya Afrika Kusini iliyapanga vizuri kwenye kesi ya Fakie ya 2006: unathibitisha kwamba oda ipo, kwamba aliifikishiwa au kuijua, na kwamba hakuitii. Ukimaliza hayo matatu, yeye ndo anapaswa kuleta ushahidi unaotia shaka kwamba hakukaidi kwa makusudi na kwa nia mbaya, akishindwa anapatikana na hatia. Kiwango cha ushahidi kinapanda pia, Uingereza na Afrika Kusini ukitaka mtu afungwe lazima uthibitishe bila shaka yoyote ya maana kama kesi ya jinai, Kenya tangu kesi ya Mutitika ya 1985 wanasema ni juu ya kesi ya kawaida ya madai lakini si lazima kifike kile cha jinai. Vyovyote vile, "nadhani anafanya makusudi" haifikishi.

Kuchelewa kwenyewe si dharau moja kwa moja. Mtu aliyelazwa hospitali, aliyeomba hati kwa ofisi nyingine na ofisi hiyo haijatoa, aliyetekeleza nusu na anaonyesha nusu ya pili iko njiani, huyo jaji atamsikiliza na inafaa amsikilize. Lakini "nilikuwa na shughuli nyingi", "faili lilikuwa linazunguka maofisini", "wakili wangu hakuniambia", "tulikuwa tunatafakari kukata rufaa", hizo ni za kuvuta muda, na namna ya kuzivunja ni kuuliza swali moja kwa kila moja: alifanya nini tarehe gani? Kama faili lilizunguka, lilitoka meza ipi lini likafika ipi lini? Unakuta oda ilikaa siku 60 bila mtu kuigusa, alafu barua zote zimeandikwa ndani ya siku tatu baada ya kuskia maombi yamefunguliwa. Mwonyeshe jaji hizo siku 60.

Kuandika maombi yenyewe sasa. Unaenda korti ile ile iliyotoa oda, kwenye faili lile lile mara nyingi. Kichwa kitaje sheria iliyo hai, na hapa kuweni macho na fomu za kunakili: Kenya walitunga sheria ya kudharau mahakama 2016, mahakama kuu ikaifuta 2018 kwa kukiuka katiba, ikabaki njia ya kifungu cha 5 cha sheria ya mahakama kinachoipa mahakama kuu na ya rufaa nguvu sawa na mahakama kuu ya Uingereza, na bado unakutana na maombi yanayotaja ile iliyokufa. Alafu taja oda, tarehe yake, maneno yake kama yalivyo, tarehe na namna ya kufikishiwa, na kila ukaidi uwe na namba yake. Mambo matatu aliyoagizwa, hajafanya mawili, andika hayo mawili tu na ukiri la tatu amelifanya, ukificha hilo na yeye akalionyesha heshima yako kortini imeshuka. Chini unaambatanisha hati ya kiapo yenye oda yenye muhuri, kiapo cha aliyeipeleka, barua, meseji zilizochapwa zikionyesha namba na tarehe. Na unachoomba kiwe ngazi ngazi: apatikane na hatia, aadhibiwe, atekeleze ndani ya muda mpya, alipe gharama. Maombi haya pia kwa kawaida apelekewe mkononi, isipokuwa kanuni au korti iseme vingine.

Usilale nayo. India wameweka mwaka mmoja tangu siku ya dharau, kifungu cha 20, ukipita umekosa. Na hata pasipo na kikomo, mtu anayelalamikia ucheleweshaji akiwa yeye mwenyewe amekaa miaka miwili anaonekana hakuumia.

Siku ya kesi jiandaeni kwa kitu kimoja ambacho hutokea mara nyingi mno: jana yake jioni mpinzani anatekeleza. Au anakuja na barua kwamba "iko kwenye hatua za mwisho". Watu hukasirika wanataka afungwe hata hivyo, na wengine kwa furaha wanaondoa maombi pale pale. Yote mawili ni makosa. Kagua kwanza, kila kipengele cha oda kimoja kimoja, amelipa lakini riba je, amerudisha gari lakini kitabu cha gari kiko wapi. Kama imekamilika, omba korti iandike kwamba oda ilitekelezwa tarehe hiyo, baada ya maombi, na omba gharama zako maana ucheleweshaji wake ndo umekuleta hapo. Kama haijakamilika, usiondoe, omba tarehe ya karibu ya kuja kuthibitisha. Majaji wengi watampa nafasi ya mwisho na mimi siwalaumu, lengo kubwa la haya maombi ni oda itekelezwe. Mwaka 2024 Kenya, Septemba 13, jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kaimu inspekta jenerali wa polisi Gilbert Masengeli miezi 6 jela kwa kutoitikia wito wa korti, akampa siku 7 za kujisalimisha kortini kwanza, na mtu alipofika Septemba 20 akaomba radhi adhabu ikaondolewa. Wengine waliona kama korti imelegea. Mimi niliona mtu aliyekuwa haji, amekuja.

Na wewe unayesoma hii ukiwa upande wa pili, umepewa oda na unaona muda unakuishia, nakuomba sana usinyamaze. Kabla siku hazijaisha, narudia kabla, peleka ombi la kuongezewa muda ukieleza ulichofanya mpaka sasa na kinachokukwamisha, na ambatanisha ushahidi. Tekeleza sehemu unayoweza leo. Mwandikie mwenzako. Kama muda ushapita na maombi yamekuja, tekeleza kwanza alafu ndo uombe radhi, radhi ya mtu ambaye bado hajatekeleza haimgusi jaji. Una haki ya wakili, ya muda wa kujiandaa, na kwenye nchi nyingi haki ya kukaa kimya bila kulazimishwa kutoa ushahidi, kwa sababu uhuru wako uko mezani. Usiape uongo kwenye hati ya kiapo, hapo unatoka kwenye kosa moja unaingia la pili lililo zito zaidi.

Adhabu zinatofautiana mno. India ni hadi miezi 6 au faini isiyozidi rupia 2,000 au vyote, na msamaha wa kweli unaweza kuifuta. Uingereza mahakama za juu haziwezi kuzidi miaka 2. Kenya ukikaidi zuio unaweza kushikiliwa mali na kufungwa hadi miezi 6. Marekani kwenye dharau ya kulazimisha utekelezaji mtu anaweza kukaa ndani mpaka atii, kuna mmoja kwenye kesi ya talaka huko Pennsylvania alikaa miaka 14, 1995 hadi 2009, kwa kutoleta pesa alizoamriwa kuleta. Cheo hakikingi: 1993 majaji wa juu kabisa wa Uingereza waliamua waziri wa mambo ya ndani, kwa cheo chake, alidharau mahakama kwa kuacha mwalimu kutoka Zaire asirudishwe nchini kinyume na amri ya jaji, na Juni 29, 2021 mahakama ya katiba ya Afrika Kusini ilimfunga rais mstaafu Jacob Zuma miezi 15 kwa kukaidi amri ya kwenda kutoa ushahidi mbele ya tume.

Lakini kumbuka kifungo hakisaini hati. Mtu anaweza kukaa ndani na oda yako ikabaki pale pale. Kwa hiyo kama kinachotakiwa ni sahihi tu, waulize wakili na korti mapema kuhusu njia ya korti kumteua mtu mwingine asaini badala yake, nchi nyingi sheria inaruhusu na hati inakuwa na nguvu ile ile kama angesaini mwenyewe. Tuliiweka kwenye maombi ya yule mama kama ombi la mwisho kabisa chini ya ukurasa. Muuzaji alikuja siku ya kesi akasema alikuwa mgonjwa, bila karatasi ya hospitali, akaomba wiki moja, akapewa. Wiki ikaisha hajasaini. Jaji akalifungua daftari, nakala tulizoambatanisha, akazisoma tarehe kwa sauti moja baada ya nyingine na yule jamaa akiwa amesimama, akampiga faini na gharama, akaagiza naibu msajili asaini.

Tulienda masjala mchana ule ule. Naibu msajili alisaini nakala tatu, akagonga muhuri kila ukurasa, na mama akasimama pale dirishani akizipulizia wino ukauke kabla ya kuzitia kwenye mfuko, safari hii bila kuzikunja.